Jiwe la Watu Wawili

Sehemu ya Tisa

"Wamekosea siku yangu ya kuzaliwa."

Ndivyo alivyosema yule mgeni wa kofia ya pama, na kama wiki iliyopita ulikunja gazeti ukidhani ni utani, likunjue tena. Orlene alikuwa amepiga magoti mbele ya kaburi la mumewe, Hoyt Mayhall, maua ya karatasi mkononi. Na mtu aliyesimama nyuma yake akilisoma jiwe alikuwa Hoyt Mayhall mwenyewe.

"Nilizaliwa tarehe kumi na tisa," alisema. "Hapa mmeandika kumi na saba."

Orlene alitazama viatu kwanza. Vilikuwa viatu vya mjini, vimepakwa rangi asubuhi hiyo hiyo. Kisha suruali iliyomlegea, kisha mkono wenye alama za moto, kisha lile kovu la kidevuni alilolijua tangu walipokuwa darasa moja la uimbaji, wana miaka kumi na sita. Alikuwa yeye.

Alingoja moyo ushtuke, haukushtuka. Alingoja apige kelele, au azimie kama wanawake wengine wanavyojua kuzimia, hakuna kilichokuja. Wazo moja tu lilimpitia, kwamba kule chini ya mialoni watu walikuwa wanamalizia kuku na pudini ya ndizi, na muda si mrefu mashemasi wangekuja kunyoosha miguu huku makaburini.

"Twende kwenye basi," alisema. "Kabla hawajakuona."

Kwa wewe uliyeingia leo, nitakueleza haraka, maana hadithi haikungoji. Orlene ndiye ile sauti ya Familia ya Stidham, kikundi kilichotoka kwetu huku mlimani, kaskazini mwa Alabama, kikaimba kwenye makanisa na viwanja vya maonyesho mpaka Texas. Miaka kumi na tatu iliyopita, Hoyt alikwenda Ohio kutafuta kazi kiwandani. Aliahidi kumwita mkewe akishapata chumba. Mwaka ukapita, ukaja wa pili, na waumini wa Shady Fork, kijiji chetu, wakaanza kumtazama Orlene kwa pembe ya jicho.

Kwenye makanisa yetu msichana huimba mbele, mke mwenye mume wake huimba, na mjane huimba kuliko wote. Mke aliyekimbiwa hukaa kiti cha nyuma. Hakuna aliyeiandika sheria hiyo popote, na sijamwona aliyewahi kuivunja.

Baba yake, Elbert Stidham, mwenye kikundi na mwenye sauti ya besi iliyotikisa madirisha, hakuwa tayari kuipoteza sauti ya binti yake kwa sababu ya mwanamume asiyeandika barua. Akatangaza kwamba Hoyt amefia Ohio. Jeneza lililopigiliwa misumari likaletwa, likazikwa, na juu yake likasimamishwa jiwe la watu wawili. Upande wa kushoto jina la Hoyt na tarehe zake zote mbili. Upande wa kulia jina la Orlene na tarehe moja, ya pili ikingoja siku yake.

Ndani ya jeneza hamkuwa na maiti. Mlikuwa na vitabu vya nyimbo vya mwaka ule, vile ambavyo havikupata mnunuzi. Orlene alijua. Yeye ndiye aliyekuwa akimpa baba yake misumari, mmoja mmoja.

Wiki mbili baadaye alivaa nyeusi akarudi mbele. Tangu siku hiyo, kila wikiendi kwa miaka kumi na moja, kabla ya wimbo wa mwisho, hutoa ushuhuda wa jinsi Hoyt alivyokata roho. Kwamba alimwahi kitandani kule Ohio, naye akamshika mkono akasema, "Waambie waniwekee kiti mezani, nakuja." Kutokana na ushuhuda huo ukatoka wimbo uitwao "Niwekeeni Kiti," na kutokana na wimbo ikatoka santuri, na watu wazima wenye mikono ya kulima pamba hulia wakiusikia redioni.

Haya. Tumo ndani ya basi la kikundi.

Hoyt aliketi kiti cha mbele, akakohoa kwa muda mrefu ndani ya leso. Mapafu, alieleza. Mchanga wa kiwanda cha kuyeyushia chuma huingia polepole na hautoki. Daktari alikuwa amempa matumaini ya mwaka mmoja, naye hakumwamini sana.

Kando yake palikuwa na rundo la santuri za kuuzwa baada ya ibada. Aliichukua moja akaitazama. Picha yake ilikuwa kwenye jalada, imezungushiwa utepe mweusi.

"Picha ya siku ya harusi," alisema. "Wewe wamekukata."

"Mpiga chapa ndiye aliyekata."

Hoyt alimweleza alivyojisikia akifa kwa mara ya kwanza. Alikuwa kwa kinyozi, kule Dayton, povu limejaa mashavuni, redio ikilia. Ikaja sauti ya mkewe ikimtaja jina lake kamili na kijiji chake, ikaeleza alivyomshika mkono na maneno aliyosema. Kinyozi akaacha wembe akafuta macho. Akamwambia Hoyt, "Huyo bwana alikufa kifo kizuri sana," na Hoyt akamkubalia.

"Nilikuwa nataka kuja siku hiyo hiyo nikuaibishe," alisema. "Halafu nikaona, kama umeamua kuniua, basi una sababu zako. Lakini sasa nakufa kweli, na kuna jambo moja nataka kulijua. Kwa nini hukujibu barua zangu?"

"Barua gani?"

"Orlene."

"Barua gani, Hoyt?"

Arobaini na moja, alisema. Ya kwanza ilikuwa na tiketi ya treni ndani yake. Ya pili ilikuwa na picha ya chumba, dirisha na jiko. Katika ya kumi alimuuliza amemkosea nini. Orlene alisikiliza mikono ikiwa imetulia mapajani. Aliikumbuka njia ya vumbi iliyotoka nyumbani kwao mpaka kwenye sanduku la posta. Alikumbuka kwamba miaka ile miwili baba yake alikuwa akiitembea kila asubuhi, akisema daktari amemshauri anyooshe goti.

Alijua papo hapo. Angetakiwa kukasirika, na aliitafuta hasira mahali ilipotakiwa kuwa, akakuta pametulia tu.

Hoyt alitoa mfukoni bahasha iliyochakaa mikunjo. Akasema hiyo ndiyo barua pekee aliyowahi kupata kutoka kwake. Orlene akaifungua. Ilikuwa na mistari miwili, kwa wino wa zambarau, herufi zikiwa zimelalia upande wa kushoto: Usiniandikie tena. Nimekwisha kukuzika. Orlene.

"Huu si mwandiko wangu," alisema.

"Wa baba yako?"

"Baba hajui kuandika."

Ilikuwa kweli, na mlimani kote hilo lilijulikana. Elbert Stidham angeweza kusoma noti za wimbo mgeni, ambazo kwetu huchapwa kwa maumbo, pembetatu na duara na mraba, akaimba bila kukosea tangu mwanzo hadi mwisho. Lakini umpe gazeti, atalishika juu chini. Mtu mwingine alikuwa amemwandikia, na mtu huyo huyo, bila shaka, ndiye aliyekuwa akimsomea.

"Nani alikuletea hii?" aliuliza Orlene. "Haina stempu."

Hoyt alifungua mdomo kujibu, na papo hapo mlango wa basi ukagongwa mara tatu. Ilikuwa sauti ya binamu wa Orlene, Nadine, mpiga piano wa kikundi tangu mwanzo. Watu wamekwisha kuingia, alisema. Mzee amekwisha kusogezwa mahali pake. Wanamngoja yeye.

"Nakuja," alijibu Orlene.

Alijitazama kwenye kioo cha dereva, akaweka nywele sawa. Hoyt alimwambia kwamba ataingia nyuma yake na kukaa benchi la mwisho. Hatasema neno, alisema, hatafanya fujo kanisani.

"Ukitaka kuniua tena, niue," alisema. "Ila safari hii nitakuwa nakuangalia."

Kanisa lilikuwa limejaa mpaka madirishani, maana Jumapili ya Maua huwarudisha nyumbani hata waliohamia Georgia. Asubuhi walikuwa wamepalilia makaburi, wamepanga maua ya karatasi yaliyochovywa kwenye nta, wamesikiliza mahubiri, wamekula. Sasa ilikuwa zamu ya kuimba, na walikuwa na shibe na usingizi kidogo. Elbert alikuwa mbele, upande wa besi, kwenye kiti chake cha magurudumu. Kiharusi kilikuwa kimempiga miaka miwili nyuma na kumnyang'anya maneno yote, isipokuwa akiimba.

Waliimba nyimbo tatu. Katikati ya wimbo wa tatu, Hoyt aliingia, kofia imeshuka usoni, akaketi benchi la mwisho.

Nadine akakosea noti.

Ni noti moja tu, na wengi hawakuisikia. Lakini Orlene alikuwa ameimba na Nadine kwa miaka ishirini na hakuwahi kumsikia akikosea hata akiwa na homa. Aliliweka jambo hilo kando, kwa sababu wimbo ulikuwa umekwisha, na shemasi mkuu, Ndugu Euel Garmon, alikuwa ameinua mkono kumkaribisha atoe ushuhuda.

"Mume wangu, Hoyt," alianza Orlene, "alikuwa mtu wa hapa hapa Shady Fork."

Maneno yalitoka yenyewe. Alikuwa ameyasema kwenye mahema, kwenye kumbi za shule, siku moja hata juu ya lori. Alijua ni wapi mabibi wangetoa leso. Alijua kwamba akifika kwenye neno "kiti" jicho lake la kushoto litatoa chozi moja, si mawili, na chozi hilo litateremka taratibu mpaka kwenye kona ya mdomo. Halikuwa uongo hata kidogo miaka ya mwanzo. Siku hizi lilikuwa kama mguu unaojua ngazi za nyumbani.

"Akanishika mkono," alisema. "Akaniambia, Orlene, waambie waniwekee kiti."

Chozi likatoka, likateremka. Kule nyuma Hoyt Mayhall alivua kofia yake akaiweka gotini, kama mtu aliyefika msibani.

Orlene alimtazama. Alikuwa amemlilia mwanamume yule mara zisizohesabika, mbele ya watu, na sasa mwenyewe alikuwa amekuja kuchukua vilio vyake akakuta ghala tupu. Hilo ndilo lililomnyamazisha. Haikuwa dhamiri, msomaji wangu, sitaki nimpambe. Ilikuwa uchovu.

"Hakufa," alisema.

Nadine aliacha kupiga ule utangulizi laini wa piano.

"Hoyt hakufa. Hakunishika mkono. Alikwenda Ohio, sikupata barua, nikaona haya. Tulizika vitabu vya nyimbo. Yule pale, benchi la mwisho."

Hakuna aliyegeuka, nalo ni jambo la ajabu, maana watu wetu hugeuka hata mbwa akipita mlangoni. Walikuwa wanamtazama Ndugu Euel. Naye Ndugu Euel, mzee wa miaka sabini na kitu, aliinuka polepole akiwa ameshikilia benchi lililokuwa mbele yake.

"Dada Orlene," alisema, "mimi ni mmoja wa wale sita tuliobeba lile jeneza. Tulipofika kwenye mteremko, vitu vyote vya ndani vilihamia miguuni. Nusura vimvunje Ndugu Lomax nyonga. Maiti haitelezi namna ile."

"Mlijua."

"Tulijua kabla hatujafika kaburini."

"Miaka yote hii?"

"Wiki mbili baadaye uliimba," alisema Ndugu Euel, kama mtu aliyekwisha kueleza kila kitu.

Na kwa Shady Fork alikuwa amekwisha kueleza. Walikuwa wamepima, kila mmoja kimyakimya benchini pake, wakaamua kutojua. Kutokujua kwao ndiko kulikomruhusu kusimama pale mbele, na wao kubaki na sauti ile. Aliyekuwa akidanganywa kanisani pale alikuwa mmoja tu, naye ni Orlene, aliyedhani anadanganya.

"Sasa umelisema," aliendelea mzee, na sauti yake ilikuwa na huzuni ya kweli. "Usingelisema tungeendelea. Ila limesemwa mbele ya madhabahu, dada yangu, na hatuwezi kulirudisha. Itabidi ukae."

Basi ndivyo ilivyokwisha, kazi ya miaka ishirini, kwa sentensi moja ya mzee asiyependa kuisema. Orlene aliitikia kwa kichwa. Alishuka ngazi mbili za jukwaa, akaanza kutembea kati ya mabenchi kuelekea nyuma, mahali pa wake waliokimbiwa. Hakuhisi aibu wala nafuu. Alisikia tu visigino vyake juu ya mbao, na akashangaa kidogo kwamba njia ni fupi hivyo.

Nusu ya njia akasimama.

"Kabla sijakaa," alisema, "nina swali moja kwa Baba."

Akarudi mbele. Elbert alikuwa ametumbua macho. Orlene alichuchumaa mbele ya kiti chake.

"Barua za Hoyt ziko wapi, Baba?"

Mdomo wa mzee ulihangaika. Ukatoa sauti isiyo na umbo, ukafunga, ukafungua tena. Kwa miaka miwili nyumbani walikuwa wamezoea. Hakuweza kusema "maji," lakini ungempa mwanzo wa wimbo wowote angeliimba neno hilo na kukuambia maji yawe ya baridi. Alikuwa ameomba chumvi kwa sauti ya nyimbo za ubatizo, na alikuwa amemfukuza wakala wa bima kwa wimbo wa Krismasi.

"Nadine," alisema Orlene, "piga 'Kiti.'"

Nadine hakuinua mikono yake mapajani. Alisema mzee amechoka. Alisema si vizuri, mbele ya watu, siku kama ya leo.

"Piga, Nadine."

"Sipigi."

Orlene hakubishana. Aliuanzisha mwenyewe, bila maneno, midomo imefungwa, akishika sauti ya kwanza. Na hapa ndipo wasiotoka kwetu hawatanielewa. Watu wa Shady Fork hufundishwa uimbaji kabla ya kufundishwa kusoma, na hawawezi kusikia sauti moja peke yake bila kuijazia. Hawakutaka. Wengine walikuwa wamemkasirikia. Lakini benchi la tatu likashika sauti ya pili, wazee wa dirishani wakashika ya tatu, na Ndugu Euel mwenyewe, aliyekuwa amemwambia akae, alijikuta akiguna besi. Wimbo ukasimama ukiwa mzima, bila neno hata moja, ukimngoja mwenye maneno.

Elbert Stidham akafumba macho, akaimba.

"Chini ya jiwe," aliimba, kwa ile sauti nzito iliyokuwa imebaki nzima ndani ya mwili uliovunjika. "Chini ya jiwe, ndani ya sanduku."

Watu waliendelea kumshikia wimbo. Machozi yalikuwa yakimtiririka mzee shingoni.

"Kwa nini, Baba?"

Alisubiri mahali pake katika wimbo, kama mwimbaji mzuri anavyosubiri, kisha akashuka mpaka noti ya chini kabisa.

"Nilitaka uimbe."

Hapo hata besi zilinyamaza.

Ndugu Euel ndiye aliyetoka kwanza. Mabeleshi ya asubuhi yalikuwa bado yameegemea uzio, na kwenye Jumapili ya Maua hakuna anayekuuliza unafanya nini na beleshi makaburini. Alisema yeye ndiye aliyelifukia lile jeneza, na yeye atalifukua. Wabebaji wanne waliobaki hai wakavua makoti. Wanawake walihamisha maua yaliyopangwa vizuri, wakayaweka kwenye makaburi ya majirani.

Orlene alisimama upande wa jina lake. Hoyt alisimama upande wa jina lake. Kati yao palikuwa na shimo lililozidi kwenda chini.

"Ungekuja?" aliuliza Hoyt hatimaye. "Ungepata ile tiketi?"

Orlene alilifikiria swali kwa uaminifu. Alisema hajui. Alisema yule msichana ambaye angejua alikuwa amemsahau, na Hoyt akasema yeye bado anamkumbuka kidogo.

Beleshi likagonga mbao. Kifuniko kilikuwa kimelegea kwa unyevu, kikatoka bila kazi. Vitabu vilikuwa vimevimba na kushikana, vyote vimerundikana upande wa miguu kama mzee alivyosema. Na upande wa kichwa, mahali ambapo uso wa mtu ungekuwa, palikuwa na kopo la mafuta ya nguruwe, limefungwa kwa waya kwenye ubao wa chini, mfuniko wake umezibwa kwa nta ileile ya maua ya karatasi.

Ndugu Euel alimpandishia Orlene kopo hilo kwa mikono miwili. Orlene alikwangua nta kwa ufunguo wa nyumba. Ndani barua zilikuwa kavu, zimefungwa kwa uzi, na kila bahasha ilikuwa imefunguliwa vizuri kwa kisu. Kwenye kona ya kila moja palikuwa na neno moja, kwa wino wa zambarau, herufi zimelalia upande wa kushoto: Imesomwa.

Alichukua iliyokuwa juu kabisa, ya mwisho.

"Orlene," iliandikwa. "Nimechoka kungoja majibu. Nashuka kwa treni ya saa tisa, Jumamosi, tarehe tisa Agosti. Ukiwapo stesheni tutakwenda pamoja. Usipokuwapo, nitajua."

Alisoma tarehe mara mbili, ingawa hakuhitaji. Saa tisa ya Jumamosi, tarehe tisa Agosti, alikuwa amesimama papo hapo alipo sasa, amevaa gauni jeusi la kuazima, akitupa udongo juu ya vitabu. Ndugu Euel alikuwa ameanza ibada saa nane na nusu. Siku na saa zilipangwa na baba yake. Na Nadine, mpiga piano, hakuwapo mazishini. Walisema alikuwa anaumwa kichwa.

"Ulikuja," alisema Orlene.

"Nilikuja. Nilikaa benchini na sanduku langu. Halafu gari la baba yako likaja, nikasimama, nikadhani ni wewe. Aliyeshuka akanipa ile barua mkononi, akaniambia treni ya kurudi ni saa kumi."

Jambo likatokea usoni mwa Orlene, naye alilihisi kabla hajalielewa. Lilikuwa chozi. Safari hii lilitoka jicho la kulia, bila wimbo, bila neno la kuliita, na halikujua njia. Lilipita puani, likamwingia mdomoni, likafuatwa na jingine.

"Nani, Hoyt?"

Hoyt aliinua kofia yake akaielekeza langoni mwa makaburi. Nadine alikuwa amesimama pale peke yake, amevaa koti la safari, na ufunguo wa basi ulikuwa mkononi mwake, mkono wa kushoto, ule anaoandikia.

"Nadine," alisema Orlene, na kwa mara ya kwanza katika miaka kumi na moja sauti yake ilitetemeka bila yeye kuitetemesha.